Lual Mayen na gemu iliyozaliwa kambini

Leo siasa naiweka pembeni, ingawa nahisi mwisho wa safari itarudi yenyewe. Nataka tuzungumze habari za jamaa anaitwa Lual Mayen.

Ukipita mitaani hapa Amani jioni, utawakuta vijana wamejazana kwenye vibanda vya PlayStation wanagombania pedi. Waulize gemu hutengenezwa na nani, watakwambia Wajapani na Wazungu. Jibu hilo limepitwa na wakati zamani. Mwaka 2007 Mkenya Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi, gemu ya kompyuta yenye mwanamke wa Kiafrika kama shujaa wake. Kwa hiyo hata hapa jirani kazi hii si ngeni. Lakini kisa cha Lual kina uzito wake.

Lual ni mtu wa Sudan Kusini. Alizaliwa njiani, wazazi wake wakiwa wanakimbia ile vita ya Sudan iliyoanza 1983 na kumalizika 2005. Dada zake wawili walifariki katika safari hiyo. Familia ikaishia kwenye kambi ya wakimbizi kaskazini mwa Uganda, na kijana akaishi humo kwa miaka 22. Hebu fikiria, miaka 22! Mtu anaanza skuli, anamaliza chuo, anaoa, na muda unabaki.

Mwaka 2007 ndipo alipoiona kompyuta kwa mara ya kwanza, pale wakimbizi walipokuwa wanaandikishwa. Akaitamani. Akamwambia mama yake. Mama hakumcheka wala hakumkatisha tamaa. Alidunduliza kwa miaka mitatu mpaka zikatimia dola 300, akamnunulia laptopu. Sisi tunaojua bei ya kilo ya mchele tunaelewa dola 300 kambini ni kitu gani.

Sasa laptopu unayo, umeme uko wapi? Kijana alikuwa anatembea masaa matatu kwenda kuichaji, na masaa matatu kurudi. Mwalimu hana, akajifundisha mwenyewe. Halafu kwenye laptopu hiyo akaiona Grand Theft Auto: Vice City, ile ya 2002 ya kuiba magari na kupiga watu risasi. Wengi wetu tuliicheza tukacheka tukaenda kulala. Yeye aliwaza mbali zaidi. Aliwatazama vijana wenzake waliokulia vitani, akajiuliza: kama gemu inaweza kumzoesha mtu kuua, haiwezi kumzoesha amani?

Hapo ndipo ilipozaliwa Salaam. Neno ni la Kiarabu, na sisi Waswahili hatuhitaji kutafsiriwa. Mchezaji anakuwa mkimbizi. Anakimbia mabomu, anatafuta maji, na akijaliwa kunusurika anaifikisha nchi yake kwenye amani. Adui wa kupiga risasi hayumo. Baadaye ukaongezwa mpango kwamba mchezaji akinunua chakula, maji au dawa ndani ya gemu, fedha hiyo ipitie kwenye mashirika na kumfaa mkimbizi wa kweli.

Kazi hiyo ndiyo iliyomtoa kambini hadi Washington, Marekani, ambako aliisimamisha kampuni yake, Junub Games. Desemba 2018, kwenye sherehe za The Game Awards, akatunukiwa heshima mbele ya ulimwengu wote wa gemu. Na nchi yake je? Ilipata uhuru Julai 2011, ikaingia vitani tena Desemba 2013. Gemu haikuzuia hilo, na sitaki kumdanganya mtu.

Kwa nini basi nawaandikia haya watu wa Unguja? Kwa sababu tuna tabia ya kusema wakimbizi ni watu wa huko. Wadau, Januari 2001, baada ya polisi kuwapiga risasi waandamanaji, Wapemba wapatao 2,000 walivuka bahari kwenda Shimoni, Kenya. Walikuwa wakimbizi, na walikuwa ndugu zetu. Wengi wetu tulikuwa wachanga au hatujazaliwa, na watu wazima majumbani wanalipita jambo hili kimya kimya.

Lual alichukua jambo ambalo watu wake walitamani kulisahau, akalifanya kitu ambacho kijana anaweza kukishika mkononi na kukicheza. Sisi tunazo kompyuta, umeme upo (ukiacha siku unapokatika), na wahitimu wa IT wamejaa mitaani wakisubiri ajira. Historia pia tunayo, tena nyingine inauma. Tunaishi kwenye mtaa unaoitwa Amani, lakini sijamuona hata mmoja wetu aliyejaribu kuitengenezea amani gemu.

Nani anaanza? Karibuni tujadili.