Ziwa Lilipokuwa Uwanja wa Ndege

Uliza vijana ni nani aliyetangulia kuruka angani. Wa madrasa atakutajia Abbas ibn Firnas wa Qurtuba, karne ya 9, ambaye wanahistoria wasimulia kuwa alijifunga mbawa akaruka, akaumia wakati wa kutua kwa kuwa hakujiwekea mkia. Wa shule atakutajia ndugu wawili wa Marekani, Wilbur na Orville Wright, 1903. Sawa. Lakini je, wajua kwamba safari za ndege kutoka Ulaya zilibisha hodi hapa jirani, Kisumu?

Februari 1931, shirika la Uingereza la Imperial Airways lilifungua njia ya London hadi Mwanza. Kuanzia Khartoum zilitumika ndege za majini, yaani ndege zenye tumbo kama la mashua. Sababu ni rahisi. Viwanja vilikuwa haba na mvua iliviharibu, ilhali Mto Nile na Ziwa Victoria havikuhitaji kujengwa.

Usidhani kazi ilikuwa nyepesi! Ziwa letu liko kama mita 1,134 juu ya usawa wa bahari. Huko hewa ni nyepesi, kwa hiyo mbawa hubeba kidogo na injini hupungua nguvu. Tena maji yakitulia kama kioo, hung'ang'ania tumbo la ndege. Dawa yake ni kidato kilichokatwa chini ya tumbo ili hewa ipenye, ndege ijinasue.

Mwaka 1937 zikaja Short Empire, zenye mwili wa aluminiamu na injini nne, zikitoka Southampton hadi Durban kupitia Kisumu. Baada ya vita vya 1939 hadi 1945, viwanja vya nchi kavu vyenye njia ndefu vilikuwa vingi. Kufikia mwisho wa 1950 shirika la BOAC, lililorithi njia hizo, likaachana na ndege za majini.

Sasa tujiulize. Miaka yote ile ndege zilitua mlangoni petu, lakini marubani na mainjinia walikuwa Waingereza. Sisi tulitazama tu. Ibn Firnas naye aliwatazama ndege, kisha akajaribu. Hiyo ndiyo tofauti.

Kijana wa Daraja Mbili, ukiiona ndege ikishuka Suneka, usiishie kushangaa. Uliza: inabebwa na nini? Jibu limo katika ile hesabu na fizikia unayoikimbia.