PSP ya zamani: jinsi ya kuweka magemu bila kuiua mashine

Duka la mtandaoni la kununulia magemu kupitia PSP yenyewe lilishafungwa na Sony. Anayemiliki mashine hiyo leo amebaki na vitu viwili: diski ndogo za UMD alizonunua zamani, na kisomeo cha diski chenye mota na lenzi ambazo zinazeeka kila mwaka. Kisomeo kikifa, gemu lipo mkononi lakini halichezeki.

Ndiyo maana mashine iliyoingia sokoni Japani Desemba 12, 2004 bado inarekebishwa na kuwekewa magemu kwenye memori kadi. Mtaani wengi wanaita kuchipu, neno lililozoeleka tangu enzi za PS2. Ila kwenye PSP hakuna chipu inayochomelewa popote. Kazi yote inafanyika kwa programu, kwa hiyo inafanana zaidi na kuflashi simu.

Na kama ilivyo kwenye kuflashi simu, kuna hatua inayoweza kuiua mashine, na kuna hatua nyingi ambazo mtu akikosea anafuta tu na kuanza upya. Ajabu ni kwamba wengi wanaogopa hizi za pili, halafu ile ya hatari wanaipita mbio na betri ikiwa imebaki kidogo.

Nini hasa kinabadilishwa

Mfumo wa Sony ndani ya PSP unakagua saini ya siri kwenye kila programu kabla ya kuifungua. Isiyo na saini inakataliwa. Ukaguzi huo unazuia magemu yaliyonakiliwa, lakini unazuia pia hombruu, yaani programu na magemu yanayotengenezwa na watu binafsi bila leseni ya Sony.

Mfumo uliorekebishwa unaondoa kizuizi hicho. Menyu inabaki ileile, magemu ya diski yanaendelea kufanya kazi, ila sasa mashine inakubali na programu zisizo na saini.

Safari ya kufika hapo ilikuwa ndefu. Mashine za kwanza za Japani, zenye mfumo namba 1.00, zilikuwa hazina ukaguzi wa maana. Sony ikaziba, watu wakatoboa, Sony ikaziba tena. Jina lililovuma zaidi miaka hiyo ni Dark_AleX, mtaalamu kutoka Hispania aliyetengeneza mifumo iliyorekebishwa ya SE na baadaye M33.

Mwaka 2007 ikaja betri ya Pandora. Betri ya PSP ina namba yake ya utambulisho, na ikagundulika kwamba namba hiyo ikibadilishwa kuwa FFFFFFFF, mashine inaamini iko mikononi mwa fundi wa kiwandani, inaacha kusoma mfumo wake wa ndani na kuwaka kutoka kwenye memori kadi. PSP nyingi zilizokuwa zimekufa zilifufuliwa kwa njia hiyo. Sony ilijibu kwa kubadilisha bodi: PSP-2000 za mwishomwisho na PSP-3000 hazikubali mtego huo.

Leo mambo ni rahisi kuliko wakati wowote. Toleo la mwisho la mfumo wa Sony ni 6.61, la mwaka 2015, na hakuna lililofuata. Mbio za paka na panya ziliisha na panya ndiye aliyebaki uwanjani. Mifumo iliyorekebishwa inayotumika sasa, kama PRO na ARK-4, imejengwa juu ya 6.60 na 6.61.

Kabla ya kugusa chochote

Kwanza, kuangalia kama mashine imesharekebishwa. PSP nyingi zinazouzwa mkononi zimeshapitia kwa fundi. Kwenye Settings, kisha System Settings, kisha System Information, kuna namba ya mfumo. Ikisomeka 6.61 tupu, bado ni ya Sony. Ikiwa na herufi za ziada kama PRO au ARK, kazi imeshafanyika na hakuna haja ya kurudia.

Pili, modeli. PSP-1000, 2000 na 3000 zote zina kisomeo cha diski na zinatumia kadi ya Memory Stick PRO Duo. PSP Go haina kisomeo kabisa. Ina GB 16 za ndani na kadi ndogo zaidi ya M2. PSP Street, yaani E1000, haina Wi-Fi, kwa hiyo kila kitu chake kinapitia kwenye waya au kadi.

Tatu, na hapa si pa kupita haraka, ni betri. Betri nyingi za PSP zina zaidi ya miaka kumi na zimevimba. Dalili ni kifuniko cha nyuma kuinuka au kukataa kufunga. Betri iliyovimba haibonyezwi irudi ndani, haitobolewi na haichajiwi; inatolewa na kutafutiwa nyingine. Hata isiyovimba inaweza kuonyesha imejaa na kuzima dakika mbili baadaye. Njia ya kuipima ni kucheza kwa muda bila chaja na kuona inavyoshuka.

Nne, kuhifadhi sevu. Zote ziko kwenye folda ya PSP/SAVEDATA ndani ya kadi. Kuinakili folda hiyo kwenye kompyuta au simu ni kazi ya dakika chache. Wanaoruka hatua hii ndio wanaokuja kulia kwamba gemu walilocheza mwaka mzima limeanza upya.

Ya muda na ya kudumu

Mfumo uliorekebishwa unaweza kuwekwa kwa namna mbili, na tofauti yake ndiyo inayoamua hatari iko wapi.

Ya muda inakaa kwenye memori kadi. Kwa ARK-4, mtumiaji anaweka folda ya ARK_01234 ndani ya PSP/SAVEDATA na ile ya ARK_Loader ndani ya PSP/GAME, kisha anafungua kipakiaji hicho kwenye menyu ya Game kama gemu la kawaida. Mashine inajiwasha upya, basi. Ikizimwa kabisa, inarudi kuwa ya Sony, na kipakiaji kinafunguliwa tena. Ikilazwa tu kwa swichi bila kuzimwa, mfumo unabaki.

Ya kudumu inaandikwa kwenye memori ya ndani ya mashine, na ikiwaka inawaka nao. Ni raha, lakini uandishi huo ukikatika katikati kwa sababu betri imekwisha au mtu amechomoa chaja, PSP inabaki na mfumo nusu. Taa ya kijani inawaka, kioo kinabaki cheusi. Kwa PSP-3000 hasa, kuifufua kutoka hapo si kazi ya fundi wa kila kona.

Kuapdeti kutoka toleo la zamani hadi 6.61 ni uandishi wa aina hiyohiyo, hata kama unatumia faili halisi la Sony. Ndiyo maana Sony yenyewe ilitaka chaja iwe imechomekwa na betri iwe na chaji ya kutosha. Chaja peke yake haitoshi: umeme ukikatika, betri ndiyo inayoiokoa mashine. Penye umeme wa kukatikakatika, hiyo si nadharia.

Kwa anayetaka kucheza tu, njia ya muda inamtosha. Kubonyeza kipakiaji mara moja kila mashine inapozimwa ni bei ndogo.

Folda, folda, folda

Hapa ndipo maswali mengi yanapotoka, na karibu yote yana jibu moja: faili limewekwa pasipo pake. PSP haitafuti gemu kwenye kadi nzima. Inaangalia sehemu maalumu tu, na kisichokuwa hapo hakipo.

Magemu ya PSP yaliyonakiliwa kutoka kwenye diski yanakuwa na umbo la ISO, au CSO ambayo ni ISO iliyobanwa ili ichukue nafasi ndogo. Haya yanakaa kwenye folda inayoitwa ISO, iliyo mwanzo kabisa wa kadi, si ndani ya folda ya PSP. Kosa hili linafanywa kila siku. Folda hiyo isipokuwepo, inatengenezwa kwa mkono. CSO inaokoa nafasi, lakini baadhi ya magemu yanachelewa kufunguka kwa sababu mashine inafanya kazi ya kuyafungua huku inayaendesha.

Hombruu, na magemu ya PS1 yaliyogeuzwa kwa ajili ya PSP, yanakuja kama faili la EBOOT.PBP. Haya yanaingia PSP/GAME, lakini kila moja ndani ya folda yake. Kwa mfano PSP/GAME/CaveStory/EBOOT.PBP. Ukilitupa EBOOT moja kwa moja ndani ya GAME, halionekani. Ukibadilisha jina la faili lenyewe, halionekani pia. Jina la folda linaweza kuwa lolote, la faili haliguswi.

Cave Story, kwa njia, ni mfano mzuri wa kuanzia. Ni gemu la bure la Mjapani Daisuke Amaya, anayejulikana kama Pixel, lililotoka 2004, na mashabiki walilihamishia PSP. Mtu anaweza kujaribu nalo mfumo wote bila kuvunja haki ya yeyote.

Faili likija kama zip au rar, linafunguliwa kwanza. PSP haijui zip ni nini.

Na likitokea hili: jana magemu yote yalikuwepo, leo ISO zote zimepotea na hombruu zinaandikwa kwamba data imeharibika? Kadi haijafa. Mashine ilizimwa kabisa na mfumo wa muda haujawashwa tena. Kipakiaji kikifunguliwa, kila kitu kinarudi. Kuna watu wamefomati kadi zao kwa hofu wakati hiki ndicho kilichotakiwa.

Kadi zinazodanganya

Memory Stick halisi zimekuwa adimu, hivyo wengi wanatumia adapta inayobeba kadi ya microSD ya kawaida ya simu. Inafanya kazi vizuri, kwa masharti mawili.

La kwanza, kadi za GB 64 na kuendelea zinakuja zimefomatiwa kwa exFAT, ambayo PSP haiisomi. Inayohitajika ni FAT32. Njia nyepesi ni kuifomati ndani ya PSP yenyewe, na folda za PSP zinajitengeneza hapohapo. Kila kilichokuwemo kinafutika.

La pili ni kadi feki. Imeandikwa GB 128, kompyuta inaonyesha GB 128, lakini ndani kuna GB 8. Magemu ya kwanza yanacheza, yanayofuata yanaganda katikati, na lawama zinakwenda kwa mfumo. Kabla ya kulaumu, kadi ijazwe mafaili makubwa na yafunguliwe tena moja moja. Ya uongo inajisema.

Kunakili diski yako mwenyewe

Hiki ndicho kitu kizuri kuliko vyote ambavyo mfumo uliorekebishwa unatoa, na ndicho kinachotajwa kidogo.

Diski inaingizwa kwenye PSP. Kwenye menyu kuu inabonyezwa SELECT, inatokea menyu ndogo, na kwenye sehemu ya USB inachaguliwa UMD badala ya Memory Stick. PSP ikiunganishwa na kompyuta kwa waya wa USB, diski nzima inaonekana kama faili moja la ISO. Linanakiliwa kwenye kompyuta, mpangilio wa USB unarudishwa ulivyokuwa, kisha ISO inapelekwa kwenye folda yake.

UMD inabeba hadi GB 1.8, na mashine si ya kasi, kwa hiyo gemu kubwa linachukua muda. Kuanzia hapo kisomeo kinapumzika, betri inadumu zaidi kwa sababu hakuna diski inayozunguka, na magemu mengi yanafunguka haraka. Kisomeo kinachoanza kukwaruza au kusoma mara moja kati ya tatu ni cha kutumiwa kunakili sasa, si wiki ijayo.

Kupakua ISO ya gemu ambalo mtu hajalinunua ni jambo jingine. Hata kama gemu haliuzwi tena, lina mwenyewe, na kulichukua hivyo ni kuvunja hakimiliki. Nakala ya diski yako inachukuliwa tofauti na sheria za nchi mbalimbali. Mfumo uliorekebishwa wenyewe hauji na gemu lolote, na anayeuza "PSP yenye magemu 100" anauza mali za watu.

Na asiye na PSP tena?

ISO ileile iliyonakiliwa inacheza kwenye simu kupitia PPSSPP, emuleta ya bure iliyoanzishwa na Henrik Rydgård na kutoka 2012. Iko Android, na tangu Mei 2024 iko pia kwenye App Store ya Apple, baada ya kampuni hiyo kulegeza masharti yake kuhusu emuleta. Sevu nazo mara nyingi zinahama: folda ya gemu husika inatolewa PSP/SAVEDATA ya kadi na kuwekwa PSP/SAVEDATA ya PPSSPP, na mchezo unaendelea pale ulipoishia.

Kwa asiye na kompyuta, kisomea kadi na kiunganishi cha OTG vinatosha kuhamisha mafaili kati ya kadi ya PSP na simu nyingi za Android. Kuinakili UMD yenyewe ndiko kunakohitaji PSP iliyorekebishwa, na kisomeo ambacho bado kinazunguka.