Mafundi wa Barazani: Historia ya Mshono Kitale na Bungoma

Mwaka 1926 tawi la reli kutoka upande wa Eldoret lilifika Kitale, likifuata mahindi ya walowezi wa Kizungu waliogawiwa mashamba ya Trans Nzoia, hasa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Njia kuu ya kwenda Uganda nayo ilikatiza Broderick Falls, Webuye ya leo, na Bungoma. Mabehewa yaliyoshusha nafaka pwani yalipandisha bara majora ya marekani, kaniki na khaki, pamoja na cherehani za Singer za kukanyaga kwa miguu.

Hapo ndipo inapoanzia habari ya wabunifu wa mitindo wa pande hizi, ingawa zama hizo hakuna aliyewaita hivyo. Waliitwa mafundi, na mahali pao palikuwa barazani mwa duka la Mhindi. Mwenye duka aliuza kitambaa ndani kwa yadi. Mteja akatoka nacho, akapimwa bega, kifua na kiuno mbele ya wapita njia, na bei ya mshono ikajadiliwa papo hapo. Mara nyingi cherehani ilikuwa mali ya mwenye duka, naye fundi alilipwa kwa nguo, au alikatwa kodi ya pale alipoketi. Faida kubwa ilibaki ndani.

Wengi hudhani kazi ile ilikuwa ya kunakili tu. Sikubali. Fundi hakuwa na kitabu cha mitindo, alipewa maneno. Mmoja alitaka kaptula kama ya karani wa stesheni, mwingine gauni kama la mke wa mmisheni wa Lugulu, kituo cha Kanisa la Friends, ambalo wamisheni wake walikuwa wamefika Kaimosi tangu mwaka 1902. Kutokana na maneno hayo fundi alichora kwa chaki, akakata. Kuiona nguo kichwani kabla mkasi haujagusa kitambaa ndiyo kazi ya mbunifu, awe Paris au Kimilili.

Jambo la kusikitisha ni kwamba pamba yenyewe ilikuwa jirani. Malakisi, Bungoma, palikuwa na kinu cha kuchambulia pamba ya wakulima wa huko. Lakini ilifungwa marobota ikasafirishwa, na mkulima aliyeivuna akaja kununua shati kutoka kwenye jora la mbali.

Mabadiliko makubwa yaliletwa na Sheria ya Leseni za Biashara ya mwaka 1967, iliyowazuia wasio raia kufanya biashara nje ya maeneo maalumu. Katika miji midogo mingi ya Kenya maduka yalihama mikono. Fundi aliyekuwa na akiba sasa aliweza kuvuka kizingiti, akaweka cherehani yake ndani na jina lake juu ya mlango.

Kisha ikaja Chepkube. Julai 1975 baridi kali iliunguza mibuni ya Brazili, na bei ya kahawa duniani ikapanda ajabu. Wakulima wa Uganda, chini ya utawala wa Idi Amin, walilipwa na bodi ya serikali kwa shilingi isiyonunua kitu. Wakaibeba kahawa usiku, kwa kichwa na kwa punda, wakaivusha mpaka hadi soko la Chepkube, wilayani Bungoma. Mwaka 1976 na 1977 magendo hayo yaliwatajirisha watu ambao hawakuwa wamewahi kuona noti nyingi hivyo. Pesa ya namna hiyo hutaka kuonekana, na hakuna kinachoionyesha upesi kama nguo. Hizo ndizo zilikuwa siku za suruali za bugaluu, viatu vya raizoni na kola pana kama masikio ya ndovu. Bugaluu si suruali ya fundi mwanafunzi: paja libane, goti likae mahali pake, kisha kitambaa kifunguke hadi chini bila kujikunja. Tazama picha za harusi za wakati huo katika albamu za familia. Utaona ushahidi zaidi kuliko katika kitabu chochote.

Miaka ya 1990 ilikuwa pigo. Biashara ilifunguliwa, mitumba ikamiminika, kilimo cha pamba kikaporomoka, na hata kiwanda kikubwa cha nguo cha Rivatex, Eldoret, kikaanguka hadi kiliponunuliwa na Chuo Kikuu cha Moi mwaka 2007. Fundi akageuka mrekebishaji: punguza kiuno, badilisha zipu. Kilichomwokoa ni sare za shule, na kitenge, kisichozoeleka kununuliwa kikiwa kimeshonwa.

Novemba 2023 Spika wa Bunge la Taifa, Moses Wetang'ula, mzaliwa wa Bungoma, alipiga marufuku kaunda suti bungeni, akataka koti, kola na tai. Rais William Ruto alikuwa ameifanya kaunda kuwa vazi la mtindo mwaka huohuo. Kwa maoni yangu Spika alikosea, maana kaunda ni nguo ambayo fundi wa Chwele anaweza kuikata tangu mwanzo hadi mwisho, ilhali tai na koti vya wabunge wengi hununuliwa vikiwa tayari.

Makumbusho ya Kitale, yaliyotokana na mkusanyo wa mlowezi Hugh Stoneham na kufunguliwa mwaka 1974, yanahifadhi vitu vya kale vya jamii za eneo hili. Basi kama mzazi wako alikuwa fundi, na daftari lake la vipimo bado limo sandukuni pamoja na mkasi na chaki, usiliwashie moto wa jiko. Lipeleke Kitale, uombe lihifadhiwe kwa jina lake.