Hatari ya Ghafula Katika Picha za Sinema za Kwanza

Wazee wa Mkiwa waliosimama kando ya njia ya Manyoni kwenda Singida, kabla haijatiwa lami, walilijua vumbi la motokaa. Gari moja hupita, vumbi hufunga macho, nawe hujui kama nyuma yake laja la pili. Katika mwaka wa 1900 Mwingereza mmoja, Cecil Hepworth, alitengeneza picha ya sinema kwa hali hiyo hiyo. Haikufika dakika moja, wala haikuwa na sauti. Kwanza lapita gari la farasi, salama, likiacha vumbi. Kisha katika vumbi hilo yatokea motokaa, yamwelekea mtazamaji moja kwa moja, yazidi kukua hata ikajaza nguo nyeupe yote, halafu giza.

Angalieni ustadi wake. Gari la farasi liliwekwa mbele ili moyo utulie. Kama motokaa ingalitangulia, nusu ya hofu ingalipotea.

Hapo nyuma, mwanzoni mwa 1896, ndugu wawili wa Ufaransa, Auguste na Louis Lumière, walionyesha picha ya gari moshi likiingia stesheni ya La Ciotat. Husimuliwa mpaka leo kwamba watazamaji waliruka vitini wakakimbia. Wanahistoria waliochunguza habari hiyo hawakupata ushahidi wa kutosha. Nayataja haya kwa sababu hadithi kama hizo zilisimuliwa sana juu ya Waafrika pia, kana kwamba mtu wa kwetu hawezi kupambanua kitu na picha yake. Lakini mtu hushtuka naye akijua, kama mtoto ashtukavyo kwa hadithi ya zimwi, hali amekaa mapajani pa bibi yake.

Na kwetu je? Huko Vugiri, katika milima ya Usambara, Bwana L. A. Notcutt na wenzake walitengeneza picha 35 kati ya 1935 na 1937, na waigizaji walikuwa Waafrika. Mojawapo ilihusu Benki ya Akiba ya Posta: mtu afukia fedha yake ardhini, mwizi aja kuichukua. Hapana gari moshi humo, wala motokaa. Filamu yenyewe ilikuwa bubu, na maneno yalitoka katika sahani za santuri; lakini aliyepata kufukia mshahara wake chini ya sakafu hakungoja santuri imwambie lini aogope.