Tarehe ya Liemba na Sinema Iliyoizamisha

Bandarini Bujumbura, zikitajwa meli za zamani, hakosekani mtu wa kusema kuwa Liemba ilicheza sinema na mwigizaji Humphrey Bogart, wala hakosekani wa kumkatalia. Ubishi huu umedumu mno, nami nataka uishe.

Asili ya meli ni Papenburg, Ujerumani, karakana ya Meyer, mwaka 1913. Ilipewa jina la Graf von Goetzen, gavana wa zamani wa Afrika Mashariki ya Kijerumani, yule aliyekatiza Rwanda mwaka 1894. Sifa kubwa ni ya fundi Anton Rüter. Meli ilipofunguliwa vipande na kutiwa kwenye masanduku yapatayo 5,000, ni yeye aliyekuja nayo: kwa bahari hadi Dar es Salaam, kwa reli hadi Kigoma, na hapo ufukweni akaiunga upya ribiti kwa ribiti. Mafundi wenzake, Tellmann na Wendt, walimsaidia. Mafundi Wahindi na vibarua Waafrika walikuwapo pia. Tarehe 5 Februari 1915 ikashuka majini, na Ziwa Tanganyika zima halikuwa na meli ya kuilinganisha nayo.

Hapa sina budi kumtaja Geoffrey Spicer-Simson, afisa wa Kiingereza ambaye, katika Vita vya Kwanza vya Dunia, aliletea ziwa hilo boti mbili za kupambana na Wajerumani, Mimi na Toutou, zikikokotwa nchi kavu kupita milima ya Katanga. Mtu huyu alivaa sketi aliyoshonewa na mkewe, na mwilini alichorwa nyoka. Wenyeji Waholoholo walimwita Bwana Chifunga Tumbo, wakamchongea na sanamu. Aliiteka meli ya Kijerumani Kingani Desemba 1915, akaizamisha nyingine, Hedwig von Wissmann, Februari 1916. Lakini Goetzen ilipopita mbele yake, hakuifuata. Wanaomsifu wana visingizio vyao. Mimi nasema aliiogopa, na meli ile ilistahili kuogopwa.

Hakuna adui aliyeizamisha. Tarehe 26 Julai 1916, Wabelgiji wakiwa wameshaitwaa Usumbura, Bujumbura yetu ya leo, na sasa wanaielekea Kigoma, Wajerumani waliizamisha wenyewe karibu na mdomo wa mto Malagarasi. Mafundi waliipaka mitambo grisi nene kwanza, ili siku moja ifufuke. Wabelgiji waliiibua, ikazama tena kwa dhoruba. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na Mei 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba.

Sasa sinema. C. S. Forester alitoa riwaya ya The African Queen mwaka 1935, na manowari ya Kijerumani iliyomo, Königin Luise, ameichukua kwa Goetzen. John Huston akaifanya filamu mwaka 1951, ila kamera zake hazikufika Ziwa Tanganyika. Zilipiga picha Uganda, kwenye Ziwa Albert na maporomoko ya Murchison, na Kongo kwenye mto Ruiki. Sehemu ya manowari ilichezwa na Buganda, tagi ya mvuke ya Ziwa Viktoria. Bogart alipata Oscar yake ya pekee. Na ndani ya filamu manowari hiyo ikalipuliwa kwa torpedo.

Kwa hiyo Liemba haikuigiza, lakini sehemu ile ni yake.  Imeporwa jina, na sura pia.

Nami naona kazi yake kubwa haikupigwa picha na Huston. Ilifika gatini kwetu hadi vita vya miaka ya 1990 vilipoikatiza safari hiyo. Mwaka 1997 iliwarudisha Kongo makumi ya maelfu ya wakimbizi. Mei 2015 wakimbizi Warundi walipojazana Kagunga, kijiji cha Tanzania kilichobanwa kati ya mlima na maji, ndiyo iliyowapeleka Kigoma. Haikuweza kutia nanga ufukweni. Watu waliifuata kwa mitumbwi, akina mama na watoto mgongoni, wakavutwa juu.

Aliye na tiketi au picha ya Liemba ikiwa Bujumbura, asiitupe. Na anayewasimulia wageni pale bandarini aseme hivi: meli ya kwenye sinema ni Buganda, na meli iliyoigizwa ni yetu.