Kutoka "Ndugu" hadi "Mheshimiwa"

Maneno ya mapenzi nayo yana historia ya kisiasa. Msukuma humwita binti yake mdogo "mayo", yaani mama, na mwanawe wa kiume "baba". Mtoto hupewa heshima ya mzazi kabla hajaanza kutembea. Pale Mwaloni, Kirumba, muuza dagaa humwita vivyo hivyo mteja asiyemjua.

TANU iliitambua nguvu hiyo. Ahadi ya kwanza ya mwanachama wake iliwatangaza binadamu wote kuwa ndugu, na mwaka 1962 Mwalimu Nyerere alijenga itikadi nzima juu ya neno la ukoo: ujamaa. Oktoba 1967 alitembea kwa miguu kutoka Butiama hadi Mwanza, kwenye mkutano mkuu wa TANU, kuliunga mkono Azimio la Arusha. Zama hizo waziri na mvuvi waliitana "ndugu".

Tangu vyama vingi virejee mwaka 1992, "mheshimiwa" ndilo limetawala. Sidai kwamba "ndugu" liliondoa ubabe. Mwaka 1974, kwa jina la ujamaa huohuo, kaya nyingi za Usukumani zilihamishwa kwa nguvu. Lakini lilimwachia mwananchi neno la kumdai kiongozi. Ndugu aliyekula peke yake huulizwa. Mheshimiwa husubiriwa nje ya mlango.