Mtayarishaji, Si Mzalishaji

Neno "mzalishaji wa filamu" limeenea. Liko kwenye matangazo ya warsha, kwenye vyeti, hata kwenye majina yanayopita mwishoni mwa tamthilia. Waliolipitisha waliona lina asili ya Kibantu, wakaridhika. Hawakumuuliza mwenye kazi kama linamfaa.

Kitenzi chenyewe ni zaa. Ile l iliyomezwa hurudi tukikinyambua: zalia, zaliwa, zalisha, kama inavyorudi tukitoka kaa kwenda kalia, au vaa kwenda valia. Kuzalisha ni kumsaidia mwingine azae, na kazi hiyo ina wenyewe: wakunga. Baadaye wachumi wakaliazima, tukapata uzalishaji mali, nami sina ugomvi nao. Huku Nyanda za Juu Kusini mzalishaji tunamjua: yule wa chai Mufindi na Rungwe, yule wa mpunga Mbarali. Gunia lake la leo halina budi kufanana na la jana. Filamu ya leo ikifanana na ya jana, mwenye nayo amefilisika.

Neno tayari, lililozaa mtayarishaji, limesafiri mbali zaidi. Mzizi wake wa Kiarabu ni wa kuruka. Ndiko tulikopata hata tiara anayorusha mtoto wa pwani. Kwa Waajemi na Wahindi likawa na maana hii tunayoijua sisi, na wanaofuatilia historia za maneno hulihusisha na wawindaji waliofuga vipanga: ndege aliyekamilika manyoya, anayeweza kuachiwa kutoka mkononi akaruke, ndiye tayari. Kiswahili kikaongeza -sha ya kusababisha, kisha -ji ya mtu aliyezoea kazi yake. Mtayarishaji, basi, ni anayekifikisha kitu mahali ambapo kinaweza kuachiwa kiruke. Kwa kazi hii sijaona neno linalolizidi hilo katika lugha yoyote ninayoisoma.

Chukua mfano wa Iringa. Mwaka 2011 Seko Shamte, mtu wa televisheni aliyeanzisha Alkemist Media, alitoa filamu ya Mkwawa: Shujaa wa Mashujaa, kisa cha mtemi wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani. Nani atasema kisa kile kilizalishwa? Zelewski, kamanda wa Wajerumani, aliuawa Lugalo tarehe 17 Agosti 1891. Boma la Kalenga lilianguka 1894. Mkwawa alijiua 1898 asije akakamatwa, na fuvu lake lililorudishwa na Gavana Twining mwaka 1954 liko Kalenga hadi leo. Kisa kilikuwapo, wenyewe Wahehe wanacho, makumbusho yanacho. Anayetaka kukipeleka kwenye kioo hukikuta kimekwisha kuzaliwa zamani. Linalombakia ni kukitayarisha.

Nimemtazama mwenzetu mmoja wa Mbeya akiwa kazini. Ana daftari lililochakaa pembe. Ukurasa mmoja una kibali cha Bodi ya Filamu, barua ya mtendaji wa kata, mafuta ya jenereta, Kosta ya kuwapeleka waigizaji Uyole, wali wa watu wote, na makoti, kwa kuwa Juni kule alfajiri inauma. Kamera ilipowashwa yeye hakuwapo hata kuiona. Alikuwa nyuma ya nyumba akimbembeleza mwenye nyumba aliyeamka na bei mpya.

Wapo wanaotaka tuseme prodyuza tumalize maneno. Muziki umewahi kulichukua. Mtaje prodyuza pale Mwanjelwa, vijana watamfikiria P-Funk au Master Jay, mtu wa studio na midundo, si mtu wa vibali na mafuta ya jenereta.

Wala mtayarishaji si neno nililolibuni mimi. Redio Tanzania Dar es Salaam ilitulea na vipindi vilivyotayarishwa na fulani, na hakuna msikilizaji aliyeomba afafanuliwe. Niliwahi kuipeleka hoja hii, kwa maandishi, mbele ya jopo moja la istilahi. Jibu lilikuja na sentensi moja: kwamba neno langu ni la redio na la jikoni. Asili ya neno haikujadiliwa, wala ule mkanganyiko na ukunga. Jambo hilo bado linaniudhi, kwa sababu wanafunzi wanaojifunza kazi hii sasa watabeba kwenye vyeti vyao jina ambalo bibi zao wakilisikia wataelewa jambo jingine kabisa.

Kwa matumizi: anayebeba fedha na dhamana ni mtayarishaji mkuu, anayegawana naye mzigo ni mtayarishaji mwenza, anayetumwa ni mtayarishaji msaidizi, kazi ni utayarishaji, na mwongozaji abaki na jina lake. Mzalishaji apewe mwenye kiwanda cha kunakili diski. Yeye kweli anatoa nakala elfu zinazofanana, na hapo sitabishana na jopo lolote.